Naambiwa naringa kwa sababu ni mkimya: hii ni hulka yangu au ninaumwa?

"Nina miaka 31, nimeolewa na nina binti wa miaka sita. Tangu utoto mimi si mtu wa maneno mengi. Kazini kazi zangu nazimaliza vizuri, lakini kwenye tathmini ya mwaka huu bosi ameandika kwamba sionekani vikaoni na kwamba nijifunze kujichanganya. Ukweli ni kwamba huwa nina la kusema, ila nikishalipanga kichwani mada imeshapita. Nikirudi nyumbani napenda kukaa chumbani peke yangu kama nusu saa, mlango umefungwa, bila simu. Mume wangu anadhani nimenuna. Mawifi zangu wanasema naringa, kwa sababu kwenye shughuli za familia nikishasalimia wote najitafutia kazi jikoni au nakaa na watoto. Sasa mwalimu wa binti yangu ameniambia mtoto anapenda kucheza peke yake, na nimeingiwa na hofu kwamba nimemrithisha ugonjwa wangu. Tena kwa miezi miwili hii hata rafiki yangu wa karibu akipiga, naiangalia tu simu ikiita mpaka inakatika, wakati zamani yeye ndiye mtu pekee niliyeweza kuongea naye saa nzima. Usiku nashtuka saa tisa na silali tena. Nilisoma mahali kwamba watu wakimya hupata sonona. Je, hii ni hulka yangu tu au ninaumwa? Na kama ni hulka, naweza kuibadilisha?"

Dada yangu, barua yako imebeba mambo mawili, na yote umeyaita "ugonjwa wangu". La kwanza ni la tangu utoto: huna maneno mengi, mikusanyiko inakuchosha, unataka nusu saa yako. La pili lina umri wa miezi miwili: simu ya rafiki usiyoipokea na usingizi unaokatika saa tisa usiku. Mawili haya hayana chanzo kimoja wala hayashughulikiwi kwa namna moja. Nitaanza na la kwanza kwa kirefu, kwa sababu ndilo ulilohukumiwa nalo maisha yako yote. Lakini nakuomba usiishie njiani, maana la pili ndilo linalonipa wasiwasi na ndilo la kushughulikia wiki hii.

Ukimya wako si ugonjwa, na sisemi hivyo kukufariji. Miongozo miwili ambayo madaktari wa akili hutumia kutambua magonjwa, ule wa Shirika la Afya Duniani na ule wa chama cha madaktari wa akili cha Marekani, haina ugonjwa unaoitwa ukimya au kupenda kukaa peke yako. Carl Jung, daktari wa akili wa Uswisi, ndiye aliyeyaeneza majina haya mwaka 1921, alipoandika kuhusu introvati, mtu ambaye mawazo na nguvu zake huelekea ndani, na ekstrovati, ambaye zake huelekea nje kwa watu na vitu. Utafiti uliofuata umeonyesha kwamba hakuna makundi mawili yenye ukuta katikati. Ni mstari mmoja mrefu. Wengi wetu tumesimama sehemu za katikati, na wewe umesimama karibu na ncha moja. Leo wanasaikolojia huuhesabu mstari huu kuwa mmoja wa mihimili mitano ya haiba ya mtu. Mhimili mwingine katika hiyo mitano ni wepesi wa kuingiwa na wasiwasi na huzuni, na huo unajitegemea. Wapo wakimya wasiotetereka, na wapo wachangamfu wa kila sherehe ambao wanalala na hofu kila usiku.

Kwa nini basi shughuli ileile imchangamshe wifi yako na ikuchoshe wewe? Hans Eysenck, mwanasaikolojia aliyefanya kazi London, alipendekeza mwaka 1967 kwamba tofauti iko kwenye jinsi ubongo unavyoamshwa. Ubongo wa mtu mkimya huamka upesi, kwa hiyo kelele, taa kali na mazungumzo matano kwa wakati mmoja huujaza haraka. Ubongo wa mchangamfu huhitaji mengi zaidi ili mwenyewe ajisikie sawa. Jaribio linalokumbukwa zaidi katika mada hii lilikuwa rahisi kabisa: mtu anadondoshewa matone machache ya maji ya limau kwenye ulimi, kisha mate yake yanapimwa. Kwa wastani, wakimya walitoa mate mengi zaidi. Limau ni lilelile, ila mwili mmoja unaitikia kwa nguvu na mwingine kidogo.

Nadharia hiyo haikubaki kama alivyoiacha. Watafiti waliomfuata wametilia mkazo mfumo wa ubongo unaotutazamisha mambo mazuri yajayo, unaofanya kazi kwa kemikali iitwayo dopamini. Mchangamfu anavutwa sana na matarajio ya kukutana na watu wapya, kusifiwa, kucheka na wengi. Mkimya naye hayachukii hayo, ila mvuto wake kwake ni mdogo, na anapoulinganisha na uchovu utakaofuata, mara nyingi uchovu unashinda. Kwa hiyo wifi yako anapotoka kwenye shughuli amechangamka kuliko alivyoingia, na wewe unatoka ukitamani kimya, kila mmoja anaonyesha kitu cha kweli. Maringo ni kumwona mwenzako mdogo, na barua yako haina hata mstari mmoja wa kumdharau mtu. Kwanza unaosha vyombo vyao na kuwaangalizia watoto.

Ila niwe mkweli kwako: wao hawaoni kilicho kichwani mwako. Wanaona mgongo wako unaelekea jikoni. Kuwapa mawifi somo la saikolojia hakutasaidia. Kinachosaidia wakimya wengi ni kufika mapema, watu wakiwa bado wachache, na kukaa na mtu mmoja kwa muda wa kutosha kumuuliza habari zake na kuzisikiliza hadi mwisho. Huo ndio uwanja wako. Mpigie wifi mmoja siku isiyo na shughuli. Mtu uliyemsikiliza vizuri mara moja ni vigumu akuite mwenye maringo.

Sasa kazini, na hapa bosi wako ana haki nusu.

Kinachokupata kikaoni kimechunguzwa kwa miaka mingi. Mwaka 1958 watafiti wa Chuo Kikuu cha Yale walilinganisha vikundi vya watu wanne waliokaa pamoja wakitoa mawazo kwa sauti na watu wanne wanne ambao kila mmoja alifanya kazi peke yake, kisha mawazo yao yakajumlishwa na yaliyojirudia yakaondolewa. Waliofanya peke yao walipata mawazo karibu mara mbili. Mwaka 1987 Michael Diehl na Wolfgang Stroebe, nchini Ujerumani, walionyesha sababu kubwa: katika kikundi mtu mmoja tu ndiye anayeweza kusema kwa wakati mmoja. Wengine wanasubiri zamu, na wakati wa kusubiri, wazo linasahaulika, linaonekana halifai tena, au mtu anashindwa kuzaa jingine kwa sababu anashikilia lile la kwanza. Hilo linampata kila mtu, ila wewe ambaye hupendi kusema jambo kabla hujalipanga linakuumiza zaidi. Kikao cha namna hiyo kimetengenezwa kwa ajili ya watu wanaofikiri wakiwa wanasema. Wanaofikiri kwanza ndipo waseme wanaachwa nyuma, na ofisi inakosa walichokuwa nacho.

Hata hivyo, wazo lililobaki kichwani halimsaidii bosi kulipima wala halikusaidii wewe. Kwa hiyo mwendee, mkiwa wawili, na umwambie kitu kama hiki: "Nimesoma ulichoandika kwenye tathmini. Mimi hufikiri vizuri nikipata mada mapema. Naomba niwe napata ajenda siku moja kabla, na nitahakikisha nasema angalau jambo moja katika kila kikao." Kisha timiza. Ukishapata ajenda, andika sentensi mbili, usizidishe, na uziseme mapema, kabla kikao hakijapamba moto. Kadiri unavyochelewa ndivyo neno la kwanza linavyokuwa zito. Na mada ikishapita usijihukumu. Una ruhusa kabisa ya kusema "naomba turudi kidogo kwenye hoja iliyopita," na una ruhusa ya kutuma ujumbe baada ya kikao ukieleza ulichofikiria. Viongozi wengi huthamini ujumbe huo kuliko kelele za kikaoni, ingawa si wengi wanaokumbuka kusema hivyo.

Kuna swali moja ningependa ujiulize hapo, na ulijibu bila haraka. Unapokaa kimya kikaoni, ni kwa sababu bado unapanga, au moyo unadunda, viganja vinatoa jasho na unaona picha ya watu wakikucheka? La kwanza ni hulka. La pili ni hofu. Mkimya anaweza kuingia kwa watu ila anachoka. Mwenye hofu anatamani sana kuingia na anazuiwa. Watu wawili hawa wanaweza kukaa viti vilivyopakana na wakaonekana sawa kabisa. Hofu ya watu ikidumu miezi sita au zaidi, ikamfanya mtu aache masomo, kazi au mambo anayoyataka kweli, hiyo tunaiita wasiwasi wa kijamii, na ina tiba nzuri: mazungumzo ya kisaikolojia yanayomzoesha mtu hatua kwa hatua yale anayoyaogopa, na wakati mwingine dawa. Kwa ulivyojieleza sioni dalili kubwa za hofu hiyo kwako, lakini wewe ndiye unayejua moyo wako unadunda vipi.

Tuje kwenye nusu saa yako, jambo ninalotaka ulilinde kuliko yote.

Wengi hawawezi kufanya unachofanya. Mwaka 2014 Timothy Wilson na wenzake wa Chuo Kikuu cha Virginia waliwaweka watu chumbani peke yao, bila simu, bila kitabu, wakae na mawazo yao tu. Wengi walisema hawakufurahia. Katika jaribio mojawapo, la dakika 15, waliachiwa kitufe ambacho wangeweza kukibonyeza na kujipiga shoti ndogo ya umeme, shoti ambayo walishaionja na wakasema wangelipa fedha ili wasiipate tena. Wanaume 12 kati ya 18 walijipiga, na wanawake 6 kati ya 24. Hebu fikiria: mtu anaona afadhali maumivu kuliko robo saa na nafsi yake. Wewe unakaa nusu saa kwa hiari. Huo ni uwezo, na kuna watu wanaokuja kwa washauri nasaha kujifunza ulio nao bure.

Na kinachotokea ndani ya nusu saa hiyo kinajulikana. Thuy-vy Nguyen, Richard Ryan na Edward Deci walichapisha mwaka 2018 majaribio ambayo watu walikaa peke yao kwa dakika 15. Hisia kali zilishuka, zile za hasira na wasiwasi na pia zile za msisimko mzuri, na utulivu ukapanda. Faragha inashusha moto wa pande zote mbili. Walioichagua wenyewe walinufaika zaidi ya waliolazimishwa. Mama anayetoka kazini akiwa amejaa kelele za siku nzima, akakaa kimya kabla ya kuanza kumsikiliza mtoto na mume, anafanya jambo la busara kwa nyumba nzima.

Ila mume wako hana njia ya kulijua hilo. Akiona mlango umefungwa na hajaambiwa neno, atajitafutia maelezo mwenyewe, na maelezo ya kwanza yanayomjia mtu ni kwamba amekosewa au amekosea. Kwa hiyo mweleze siku mkiwa na amani, si ukiwa umeshika kitasa. Mwambie kichwa chako kinajaa na kimya ndicho kinachokipunguza, na kwamba hakuna alichokosa. Kisha kila siku kabla ya kuingia msalimie, mguse, mwambie saa utakayotoka. Na ukitoka, nenda kwake kwanza. Kwa mume, saa ya kutoka ina uzito kuliko mlango wenyewe, kwa sababu anajua umeenda kupumzika na unarudi. Naye ana haki yake: kama kuna siku anakuhitaji mara ufikapo, nusu saa ingoje. Ndoa ya mkimya na asiye mkimya hustawi vizuri tu, lakini si kwa kila mmoja kubahatisha anachowaza mwenzake.

Sasa kuna jambo hukuliandika, nami ningekuuliza kama tungekuwa tumekaa pamoja: ukiwa chumbani humo unawaza nini? Maana kuna kutafakari na kuna kujitafuna, na mtu akiwa peke yake mlango wa kutoka kimoja kwenda kingine uko wazi muda wote. Kutafakari kunasogea. Unajiuliza kilichotokea ni nini, yule alimaanisha nini, kesho nifanye nini, na baada ya muda kuna kitu kimekaa sawa hata kama ni kidogo. Kujitafuna kunazunguka palepale: kwa nini mimi niko hivi, kwa nini sikusema, kwa nini wananichukia. Susan Nolen-Hoeksema, aliyelichunguza jambo hili kwa miaka mingi nchini Marekani, alionyesha kwamba wanaojitafuna namna hii huingia kwenye sonona kwa urahisi zaidi na hukaa humo muda mrefu zaidi. Hapa ndipo lilipo jibu la ule usemi uliousoma. Utafiti huonyesha uhusiano kiasi kati ya ukimya na sonona, lakini ule mhimili mwingine, wa wepesi wa kuingiwa na wasiwasi, una uhusiano mkubwa zaidi, na kujitafuna ni njia yake kuu. Kukaa kimya tu hakumwingizi mtu kwenye sonona.

Ukijikuta unajitafuna, usipigane na wazo kwa kichwa. Chukua karatasi. James Pennebaker alichapisha mwaka 1986 jaribio ambalo wanafunzi waliandika kwa dakika 15, siku nne mfululizo, kuhusu jambo zito lililowahi kuwapata, wakieleza tukio pamoja na walivyojisikia. Wakati wa kuandika hawakufurahi, lakini miezi iliyofuata walikwenda zahanati ya chuo mara chache kuliko wenzao walioandika mambo ya kawaida. Tafiti nyingi zilizofuata zimepata faida ndogo kuliko ilivyotarajiwa, kwa hiyo sikuuzii dawa ya kila kitu. Lakini sentensi iliyoandikwa lazima ifike kwenye nukta, na wazo linalozunguka kichwani halifiki. Njia nyingine ni kujisemesha kwa jina lako, kama unavyomshauri rafiki: "Fulani, jambo lenyewe hasa ni lipi?" Inaonekana kama mchezo wa mtoto, ila inakupa hatua moja ya umbali kutoka kwenye maumivu, na wengi huona mambo vizuri zaidi wakiwa hapo.

Umeuliza kama unaweza kubadilika. Tafiti za mapacha zinaonyesha kwamba karibu nusu ya tofauti kati ya watu katika mhimili huu inatokana na urithi, kwa hiyo usitegemee kuamka siku moja ukiwa mtu wa kushika kipaza sauti. Tabia lakini inanyumbulika. Mwaka 2019 watafiti nchini Australia waliwaomba watu waishi kichangamfu kwa wiki nzima: wajitokeze, waseme, wawe wa kwanza. Kwa wastani hali ya moyo ilipanda. Lakini walio wakimya sana walipata nafuu ndogo, wakachoka zaidi, na wakajiona hawako wao wenyewe. Upande wa pili, John Zelenski na wenzake nchini Kanada waliwahi kuonyesha kwamba wakimya hukosea wanapobashiri: hudhani kujichangamsha kutawasumbua kuliko inavyokuwa kweli. Nikiyaweka pamoja, ushauri wangu ni huu. Usijilazimishe kuwa mchangamfu kila siku, utaishiwa nguvu na kuanza kuwachukia watu usio na ugomvi nao. Wala usiamini kila mara sauti inayokuambia "usiende". Chagua mambo machache ambayo unayapenda kiasi cha kuyalipia uchovu: harusi ya mdogo wako, mada yako ofisini, siku ya wazazi shuleni kwa binti yako. Huko nenda kwa moyo wote, na kabla hujaenda panga saa yako ya kupumzika baadaye.

Kuhusu binti yako nataka upumue. Donald Winnicott, daktari wa watoto wa Uingereza, aliandika mwaka 1958 kwamba uwezo wa kukaa peke yako kwa amani ni moja ya dalili za ukomavu wa hisia, na kwamba mtoto huupata kwanza akiwa anacheza peke yake huku mama yuko karibu. Mtoto anayejenga kitu chake kwenye kona, akiongea na vitu vyake, kisha anainua macho kidogo kuona kama upo na kurudi kwenye mchezo, huyo ana usalama moyoni.

Inawezekana kweli amezaliwa na hulka kama yako. Jerome Kagan wa Chuo Kikuu cha Harvard aliwafuatilia mamia ya watoto kuanzia umri wa miezi minne. Aliwaning'inizia vidoli vya rangi, akawasikilizisha sauti zilizorekodiwa, akawasogezea puani pamba yenye harufu kali. Kama mtoto mmoja kati ya watano alirusha mikono na miguu, akajikunja mgongo, akalia. Mtu angedhani hao ndio watakaokuwa wachangamfu. Ikawa kinyume: wengi wao, walipokua, ndio walioelekea kuwa watoto wa tahadhari na kimya mbele ya wageni, kwa sababu kila kigeni kiliwaingia kwa nguvu. Tahadhari hiyo na ukimya si kitu kimoja kabisa, ila ni jirani. Na jambo kubwa katika kazi ya Kagan ni kwamba wengi wa watoto hao hawakuishia kuwa waoga. Waliosaidiwa kukutana na mambo mageni taratibu, bila kufichwa wala kusukumwa kwa nguvu, walipata njia.

Kwa hiyo usimjibie anapoulizwa jina lake na mgeni. Subiri hata kama sekunde zinakuwa ndefu. Usiseme mbele yake "huyu ana haya," maana mtoto hulivaa jina analopewa. Mwite rafiki mmoja aje kucheza, si kumi. Muulize mwalimu: anapocheza peke yake anaonekana na furaha? Ana hata mwenzake mmoja? Anajibu akiulizwa? Majibu yakiwa ndiyo, mwache. Mpeleke kwa mtaalamu wa watoto kama mabadiliko yametokea ghafla, kama anaogopa kwenda shule au analalamika tumbo kila asubuhi ya shule, kama anaongea nyumbani lakini shuleni hatoi neno kabisa kwa zaidi ya mwezi, au kama haitiki jina lake na haonekani kuwafahamu wenzake. Na usisahau kuuliza kama kuna mtoto anayemwonea. Watoto wengine hujitenga kwa sababu hiyo tu.

Sasa niingie kwenye miezi miwili.

Hulka ni kitu cha miaka. Haikuanza majuzi. Kwa miaka yote ukimya wako ulikuwa na mtu mmoja ndani yake, rafiki ambaye mliongea saa nzima, na simu yake haikukuchosha. Wakimya wako hivyo: watu wachache, mazungumzo marefu. Mkimya anapoanza kumkwepa hata yule mmoja, hulka haitoshi kueleza. Hapo simlinganishi na mchangamfu yeyote, namlinganisha na yeye mwenyewe wa mwaka jana. Ukiongeza kushtuka saa tisa usiku na kushindwa kulala tena, ambako ni dalili ya sonona inayojulikana sana, sina budi kukuambia uende ukaonwe ana kwa ana.

Sisemi kwamba una sonona. Mimi nina barua tu mkononi. Daktari au mwanasaikolojia atakuuliza kama kwa wiki mbili au zaidi, karibu kila siku, umekuwa na huzuni au umepoteza hamu ya vitu ulivyovipenda, na kama kuna mabadiliko ya usingizi, hamu ya kula, nguvu za mwili, umakini, au kujiona huna thamani. Mwombe pia apime damu. Upungufu wa damu na tezi ya shingo isiyofanya kazi vizuri huweza kuleta uchovu na kujitenga vinavyofanana sana na sonona. Mwambie dawa zote unazotumia, na umwambie kama unaweza kuwa mjamzito. Ikithibitika kuwa ni sonona, inatibika: kuna tiba ya mazungumzo, kuna dawa ambazo kwa kawaida huchukua wiki kadhaa kabla hujaona nafuu, na wengine huhitaji zote mbili. Hakuna hata moja kati ya hizo itakayokuondolea ukimya wako. Watu wakimya huniuliza hilo kwa hofu sana, kama vile watarudi nyumbani wakiwa mtu mwingine. Wanachorudi nacho ni hamu ya kupokea simu.

Mpaka utakapoonwa, badilisha nusu saa yako kidogo. Mtu aliye sawa akikaa peke yake anapumzika, lakini mtu mwenye sonona akikaa kwenye chumba kilichofungwa mara nyingi anazama. Kwa hiyo ifanye iwe ya kutembea nje, kukiwa bado na mwanga, peke yako ukitaka. Mwambie mume wako kuhusu usingizi. Inawezekana anadhani umenuna kwa sababu hajui kuwa hulali. Kwa rafiki yako huna haja ya kupiga simu leo. Mtumie mistari miwili: "Siko sawa siku hizi, si kwa sababu yako. Naomba usiniache." Anayekupenda atajua la kufanya na mistari hiyo.

Na kama katika usiku huo wa saa tisa kuna wazo la kutaka kufa, au la kwamba wenzako wangekuwa na nafuu bila wewe, hilo halingoji miadi. Mwamshe mume wako usiku huohuo, mwambie kwa maneno yaleyale yanayokujia, na mwende hospitali pamoja. Usibaki peke yako mpaka mtu wa afya amekuona.

Unapokwenda kwa daktari, beba karatasi yenye saa ulizolala na saa ulizoshtuka kwa siku chache zilizopita, na ile sentensi yako ya simu inayoita mpaka inakatika uinakili kama ulivyoniandikia. Kwa mkimya ni rahisi kukaa mbele ya daktari na kujibu "naendelea vizuri" kwa sababu hujajipanga. Karatasi itasema kwa niaba yako. Mazungumzo na bosi yapange baada ya hapo, ukishapata hata usiku mitatu minne ya usingizi.